Ukisimamisha Kesi, Niite

Jumanne moja ya Februari 2021 senje wangu aliamka saa kumi usiku, akapanga viazi na vitunguu kwenye kibanda chake sokoni Kangemi, akamwachia jirani amuuzie, akaoga, akavaa ile suti ya bluu ya kanisa. Tukapanda 23 mpaka tao. Ilikuwa siku ya shahidi wa tatu. Yeye alikuwa shahidi wa pili na alikuwa ameshamaliza Novemba, lakini hakutaka kukosa. Alitaka kumsikia mtu wa benki akieleza pesa ya chama ilienda wapi.

Mtu wa benki alikuja na faili yake. Mshtakiwa hakuja. Wakili wake alikuja na karatasi mbili zenye muhuri wa Mahakama Kuu. Hakimu akazisoma, akavua miwani, akasema kesi imesimama hadi petisheni iliyoko Mahakama Kuu isikizwe na kuamuliwa. Akapanga siku ya kutajwa. Yote hayo hayakufika dakika tano. Mtu wa benki akafunga faili akarudi kazini.

Tukirudi, mathree ikiwa imekwama kwa jam ya Westlands, senje akaniuliza, "Mwanangu, sasa nani ameshinda?" Sikuwa na jibu. Zaidi ya miaka minne imepita na bado sina, na hilo ndilo limenifanya niandike.

Sitaitaja kampuni wala korti, kwa sababu kesi yenyewe haijafa. Kisa ni kile unachokijua. Chama cha akina mama kumi na mmoja, kampuni ya kuuza mashamba, safari ya basi kwenda kuona ploti, soda na mikate, kila mtu na hamsini kwa mia yake. Walimaliza kulipa 2016. Hati hazikuja. Baadaye wakaenda wenyewe kuuliza kwa chifu wa kule, wakaambiwa shamba lina mwenyewe na mwenyewe hajawahi kuuza hata futi moja. Wakaandikisha malalamiko, wakapewa namba ya OB, wakazungushwa, na 2019 mkurugenzi wa kampuni akafikishwa mbele ya hakimu kwa shtaka la kupata pesa kwa udanganyifu. Pesa ya senje ndiyo ilikuwa inanilipia karo chuo kikuu, na aliamini ploti ikipanda bei itanimalizia. Nilitoka mwaka wa pili. Hilo nimelisema mara moja na sitalirudia, ila ujue naongea nikiwa upande gani.

Shika namba moja hapa. Kosa la kupata pesa kwa udanganyifu liko kifungu cha 313 cha Kanuni ya Adhabu, na kifungo chake cha juu kabisa ni miaka mitatu jela. Kesi ya senje imesimamishwa kwa zaidi ya miaka minne. Yaani mshtakiwa angekubali kosa siku ile ya Februari, afungwe kifungo cha juu kabisa kinachoruhusiwa, akitumikie bila kupunguziwa hata siku moja, angekuwa ametoka zamani na pengine ameanza kampuni nyingine.

Nilipoanza kufuatilia nilidhani kuna hongo mahali. Nikasoma, nikauliza mawakili wanaopenda kahawa ya bure, na nikagundua kitu kibaya zaidi: mambo yote yalifuata sheria. Katiba ya 2010, kifungu cha 22, inampa kila mtu haki ya kwenda kortini akisema haki yake imevunjwa au inatishiwa. Kifungu cha 23 kinairuhusu korti kutoa agizo la kuzuia mambo yasiendelee wakati inasikiza. Kifungu cha 165 kinaipa Mahakama Kuu kazi ya kusimamia mahakama za chini. Na kifungu cha 157, sehemu ya 11, kinamwambia Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, yule tunayemwita DPP, azingatie maslahi ya umma na azuie matumizi mabaya ya taratibu za sheria. Ukiviunganisha vifungu hivyo, mtu aliyeshtakiwa anaweza kwenda mbele ya jaji na kusema: hii kesi ni ya kunionea, isimamishe.

Na pale karatasi zinageuka. Katika korti ya hakimu, mlalamishi alikuwa senje na wenzake. Katika petisheni, mlalamishi ni yule mkurugenzi. Wanaojibu ni polisi na DPP. Nilisoma kurasa zote za petisheni ile, na jina la senje halimo hata mara moja. Ameandikwa kwa ujumla, "baadhi ya wateja."

Sasa kabla hujanielewa vibaya. Kuna watu wanataka mlango huu ufungwe kabisa. Utawasikia kwenye redio asubuhi: mtu akishtakiwa, ashtakiwe tu, hizi petisheni ni za wezi. Mimi siko nao.

Chukua Stanley Githunguri. Alishtakiwa kwa makosa ya fedha za kigeni miaka tisa baada ya makosa yanayodaiwa, na baada ya kuhakikishiwa na ofisi ya Mwanasheria Mkuu kwamba hatashtakiwa. Mahakama Kuu ikakataa. Uamuzi ule wa 1986, wa Jaji Madan na wenzake, mawakili wetu wanaukariri kama Zaburi, hasa pale jaji anapomwambia Githunguri akitoka nje ainue macho yake aitazame milima na ashukuru. Kumbuka ulikuwa mwaka gani. Serikali ya wakati ule haikuzoea kuambiwa hapana na mtu yeyote. Korti iliyosema serikali haiwezi kumshika mtu, kumwachilia, kumwahidi, kisha kumgeukia inapotaka, ilitusaidia sote.

Au njoo karibu, kwa watu wa rika letu. Mwaka 2015 Geoffrey Andare alishtakiwa kwa sababu ya alichoandika Facebook. Kifungu kilichotumika, cha 29 cha Sheria ya Habari na Mawasiliano, kilikuwa kipana hivi kwamba ungeweza kushtakiwa kwa kumuudhi mtu tu. Andare hakusubiri hakimu amalize. Alienda Mahakama Kuu, na Aprili 2016 Jaji Mumbi Ngugi akakifuta kifungu chenyewe. Robert Alai naye alishtakiwa Desemba 2014 kwa kumwandika Rais vibaya kwenye Twitter, chini ya kifungu cha 132 cha Kanuni ya Adhabu, cha kudunisha mamlaka ya mtumishi wa umma. Kifungu kile kilitoka ukoloni. Aprili 2017 Jaji Chacha Mwita akakitupa nje. Kila ukiandika "huyu waziri hana akili" na ulale nyumbani kwako, una deni kidogo kwa petisheni hizo mbili. Hakimu asingeweza kuwasaidia, maana kazi yake ni kuuliza kama umevunja sheria. Kama sheria yenyewe ni mbovu, lazima mtu apande juu.

Hata kesi ya Naibu Jaji Mkuu Philomena Mwilu, ambayo wasee wengi waliikasirikia, naikubali. Alikamatwa Agosti 2018 ndani ya jengo la Mahakama ya Juu. Majaji watano wakaketi, na tarehe 31 Mei 2019 wakazuia mashtaka yake. Hawakusema ati jaji ana kinga, waliikataa hoja hiyo waziwazi. Walisema ushahidi wa benki ulipatikana kwa kutumia vibaya agizo la korti. Unaweza kunung'unika, lakini polisi wakizoeshwa kupekua akaunti ya jaji bila ruhusa inayostahili, unadhani M-Pesa yako itapona?

Tazama zile kesi mbili za Andare na Alai. Hoja ilikuwa nje ya uwezo wa hakimu: sheria ni batili. Kwa Mwilu na Githunguri, hoja ilikuwa kwamba serikali yenyewe imetumia mamlaka vibaya. Na katika zote nne, kulikuwa na uamuzi. Jaji alisikiza, akaandika, akasaini, tukasoma. Aliyeshindwa alijua ameshindwa kwa nini.

Shida yangu iko kwa aina nyingine, nayo ina babu yake. Babu ni Goldenberg.

Wale mliozaliwa baadaye: mwanzoni mwa miaka ya tisini, nchi isiyo na almasi ililipa kampuni ya Goldenberg fidia ya asilimia 35 kwa kuuza nje dhahabu na almasi. Pesa ziliyeyuka, shilingi ikaanguka, mamangu anasema unga ulipanda bei hadi akaanza kuupima kwa kikombe. Miaka ikapita. Rais Kibaki akaunda tume ya Jaji Bosire mwaka 2003, ikatoa ripoti 2006. Julai mwaka huohuo George Saitoti, aliyekuwa Waziri wa Fedha wakati wa mpango ule, alipata agizo la Mahakama Kuu la kuondoa sehemu za ripoti zilizomhusu na kuzuia asishtakiwe. Saitoti amefariki, na sasa hakuna atakayejua kama angepatikana na hatia au angesafishwa jina mbele ya watu. Nadhani hata yeye alidhulumiwa kwa namna fulani, maana alikufa na swali mgongoni. Halafu Machi 2013 Jaji Joseph Mutava akasimamisha mashtaka dhidi ya Kamlesh Pattni. Miaka karibu ishirini ya kesi, ikaisha kwa petisheni. Jaji huyo baadaye alifanyiwa uchunguzi na jopo, ambalo liliangalia pia jinsi alivyoishughulikia kesi ya Pattni. Likapendekeza aondolewe kazini, na mwaka 2019 Mahakama ya Juu ikakubali.

Jaji aliondoka, lakini kesi haikurudi ikaanza upya. Wakenya tulilipa asilimia 35, tukalipia tume, tukalipia jopo la kuchunguza jaji, na mpaka leo hakuna korti iliyotueleza nani alifanya nini.

Linganisha na mabwawa ya Arror na Kimwarer. Kesi ya aliyekuwa Waziri wa Fedha Henry Rotich na wenzake ilifika mwisho Desemba 2023, na hakimu akawaachilia. Wengi walikasirika, hata mimi. Lakini hakimu alieleza, korti ikiwa wazi, jinsi upande wa mashtaka ulivyoiendesha kesi ile ovyo. Tulijua wa kumlaumu. Kuachiliwa ni jibu. Senje angeambiwa leo kwamba ushahidi wake haukutosha, angelia wiki moja, kisha angerudi kwa viazi. Hilo angeweza kulibeba. Anachoshindwa kubeba ni kutojua.

Ukisoma petisheni ya mkurugenzi wetu, utaona anasema nini. Anasema hili ni deni la kawaida, si jinai. Anasema mashahidi ni waongo. Anasema yeye pia alidanganywa na mtu aliyemuuzia shamba. Sawa, pengine ni kweli. Lakini hayo yote ni majibu ya kumwambia hakimu! Kwa hilo sheria imempa nafasi tele. Mashtaka yakimaliza mashahidi wake na hakuna kitu, kifungu cha 210 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinamtaka hakimu amwachilie hapohapo, hata kabla hajajitetea. Kifungu cha 193A cha sheria hiyohiyo kinasema kuwepo kwa kesi ya madai juu ya jambo lilelile si sababu ya kuzuia kesi ya jinai. Na majaji wenyewe wamesema mara nyingi kwamba uwezo wa kusimamisha mashtaka utumiwe kwa nadra, na kwamba kupima nani mkweli ni kazi ya korti inayowaona mashahidi usoni. Wanasema hivyo kwenye hukumu. Lakini hukumu huja mwisho. Agizo la muda huja mwanzo, na kwa mtu anayetaka tu muda, mwanzo unatosha.

Rafiki yangu mmoja ni wakili, anafanyia kazi Westlands, na amewahi kuandika petisheni kama hizi. Nilimwambia naandika makala hii. Akaniambia, "Wewe hujui upande ule mwingine." Akanieleza kuhusu mteja wake aliyekosana na mshirika wa biashara juu ya mkopo. Mshirika alikuwa na mjomba kituo cha polisi. Mteja akalala seli wikendi mbili, akashtakiwa kwa wizi, na kila alipotaka kuzungumza aliambiwa lipa kwanza, kesi itaondolewa. "Huyo angengoja kifungu cha 210?" akaniuliza. "Miaka mitatu, kila mwezi kortini, biashara inakufa, ndiyo ajibiwe kwamba hakuwa na kesi ya kujibu?"

Ana haki. Polisi wetu wanakodishwa kudai madeni, kila mtu mtaani anajua. Sitaki mteja wake akose mlango. Lakini nilimuuliza petisheni ya mteja wake ilichukua muda gani kuamuliwa. Akasema miezi saba. Nikamwambia, basi tunakubaliana. Miezi saba, pande zote zikasikizwa, uamuzi ukatoka, mteja akaenda zake. Mimi naongelea petisheni ambayo mwenyewe hataki iamuliwe. Leo wakili ni mgonjwa. Mwezi huu anabadilisha wakili. Mwezi ujao anaongeza hati. Kisha jaji anahamishwa, faili inaanza kutafuta jaji. Mtu aliyekimbia kwa jaji akilia kwamba haki zake zinavunjwa, mbona hana haraka?

Na hapa kuna jambo lililonichoma kabisa nilipoligundua. Kama ungekuwa unagombana na jirani juu ya ua, ukapata agizo la kumzuia asijenge, Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai, Amri ya 40, zinasema kesi isipoamuliwa ndani ya miezi kumi na miwili, agizo lile linakufa lenyewe, isipokuwa korti itoe sababu ya kulirefusha. Na kama ulilipata bila jirani kuwepo, linadumu siku kumi na nne tu. Watunga kanuni walijua tabia za binadamu: ukimpa mtu agizo zuri, atalala juu yake. Sasa niambie, inakuwaje ua wa majirani uwe na tarehe ya mwisho, lakini agizo la kusimamisha kesi ya jinai liandikwe "hadi petisheni isikizwe na kuamuliwa," neno lisilo na kalenda?

Miaka hiyo si mitupu. Kumi na mmoja wale wa chama, mmoja alifariki 2022. Ndiye aliyekuwa mweka hazina. Ndiye aliyepeleka pesa ofisini kwa mkono wake mara tatu, na ndiye aliyepewa risiti. Alikuwa ameandikwa shahidi wa tano. Kesi ikiamka kesho, nani atasimama pale aseme "nilimpa yeye, siku hii, chumba hiki"? Afisa aliyechunguza amehamishwa mara mbili. Senje mwenyewe, akiulizwa leo tarehe ya malipo ya pili, anatazama dari. Mshtakiwa akisimamisha kesi kwa miaka minne hahitaji kushinda petisheni. Anaweza kuipoteza, arudi kwa hakimu akitabasamu, akute ushahidi umezikwa.

Kuna watu wataniambia haki ya kesi kutocheleweshwa, ile ya kifungu cha 50, sehemu ya 2(e), ni ya mshtakiwa. Ni kweli, imeandikwa hivyo. Lakini kifungu cha 159 kinasema haki isicheleweshwe, na hakikusema ya nani. Na kifungu hichohicho cha 50, sehemu ya 9, kiliagiza Bunge litunge sheria ya kuwalinda waathiriwa wa makosa. Bunge likatunga, Sheria ya Kulinda Waathiriwa ya 2014. Mwaka 2020, katika kesi ya Joseph Lendrix Waswa, Mahakama ya Juu ikakubali kwamba mwathiriwa anaweza kushiriki katika kesi ya jinai kupitia wakili wake. Si kukaa tu kwenye benchi la nyuma kama mgeni wa harusi. Sasa kama ana nafasi wakati kesi inaendeshwa, atakosaje nafasi wakati kesi inazimwa?

Senje hakupelekewa karatasi. Hakuna aliyempigia simu. Tulijua petisheni ipo siku ileile hakimu alivua miwani. DPP ndiye anasemekana kumwakilisha, na DPP, siku ya kwanza ya petisheni kutajwa, aliomba muda wa kuandika majibu.

Halafu kuna swali la nani anaufikia mlango huu. Kutoka Lavington kwenda Kawangware ni dakika chache kwa mguu. Unavuka, ukuta unabadilika kuwa mabati. Upande mmoja, mtu akishtakiwa, swali la kwanza ni wakili gani anajua petisheni. Upande wa pili, swali la kwanza ni dhamana ni ngapi. Najua kijana wa Kawangware aliyekaa rumande miezi kumi na minne juu ya simu moja, kwa sababu ya dhamana ya elfu ishirini. Mlalamishi hakuja kortini hata siku moja. Kama kuna kesi iliyostahili kusimamishwa kwa kumwonea mtu, ni ile. Aliambiwa siku ya kutajwa, akarudi kwa lori. Mara tisa.

Na uchungu ni kwamba Katiba ilimfikiria. Kifungu cha 22 kinasema hakuna ada ya kufungua kesi ya haki. Kanuni za 2013, zile tunazoziita za Mutunga, zinaruhusu petisheni iandikwe kwa barua ya kawaida, hata isemwe kwa mdomo na karani aiandike. Na wafungwa walipopata habari waliitumia njia hiyo. Mahakama ya Juu ilipoamua kesi ya Muruatetu Desemba 2017, kwamba adhabu ya kifo isiwe ya lazima kwa muuaji, wengi walio jela waliomba wenyewe wahukumiwe upya, bila wakili wa suti. Kwa hiyo si kwamba watu wa kawaida hawawezi. Ni kwamba hakuna anayemwambia mtoto wa Kawangware kwamba mlango upo na hauna malipo.

Kwa hiyo naomba nini? Nimeshaandika vya kutosha juu ya uchungu, wacha niseme ninachotaka, na si kingi.

Kwanza, tarehe. Agizo la kusimamisha kesi ya jinai iliyokwisha kuanza lisidumu kuliko agizo la ua. Nadhani siku tisini zinatosha. Petisheni isipoamuliwa, agizo life lenyewe na hakimu aendelee, isipokuwa jaji aandike sababu ya kulirefusha, na sababu isiwe kwamba mwombaji amebadilisha wakili. Jaji Mkuu ana uwezo wa kutunga kanuni hizi. Hahitaji Bunge, hahitaji kura ya maamuzi.

Pili, waliodhulumiwa waitwe. Petisheni isipokelewe mpaka mwombaji aonyeshe kwamba waliolalamika kwenye kesi ya jinai wamepewa nakala. Namba zao ziko kwenye faili ya polisi. Hata ujumbe mfupi wa simu. Waje, wasimame, waseme kama wanaona wanaonewa au la. Mahakama ya Juu ilipoamua kesi ya Gatirau Peter Munya mwaka 2014, iliweka maslahi ya umma kuwa kipimo kimoja cha kutoa maagizo ya muda. Umma huo una sura. Unauza viazi Kangemi.

Tatu, hata kesi ikisimama, mashahidi wazee na wagonjwa warekodiwe. Wasikizwe, wahojiwe na wakili wa mshtakiwa, maneno yao yawekwe kwenye faili. Petisheni ikifaulu, faili itupwe. Ikishindwa, marehemu atakuwa ameshasema.

Hakuna hata moja hapo linalomgusa Andare, Alai au yule mteja wa rafiki yangu. Mtu mwenye hoja ya kweli anataka isikizwe kesho. Kanuni hizi zitamuumiza yule tu ambaye hoja yake ni kalenda.

Petisheni ya mkurugenzi imepangiwa siku nyingine ya kutajwa mwezi ujao. Safari hii tumeandika barua, mimi na senje, mezani kwake, kwa Kiswahili, kurasa mbili. Tunaomba tuingizwe kwenye kesi. Hatukulipa wakili. Nilimsomea mwishoni, akanisimamisha kwenye mstari mmoja, pale nilipoandika "baadhi ya wateja." Akasema toa hiyo, andika majina. Tukaandika yote kumi na moja, la marehemu likiwa la kwanza. Tutaipeleka Jumatatu asubuhi, akishamaliza kupanga vitunguu.